"Ni nadharia tu" si hoja: Tujue nadharia zinavyojengwa na zinavyotumika

Ziko kauli ambazo zikishatamkwa barazani mazungumzo hufungwa. Mojawapo ni hii: "Aa, hiyo ni nadharia tu." Mtu akishasema hivyo hujiona amemaliza kazi, na aliyekuwa akieleza hubaki kinywa wazi. Upande wa pili wako wasomi wetu ambao nao wana kauli yao ya kufunga mjadala: "Kwa mujibu wa nadharia ya Profesa fulani..." Likishatajwa jina la mtu wa Ulaya au Marekani, basi wengine wote wanyamaze.

Ukiwatazama vizuri, ndugu msomaji, watu hawa wawili wanafanya kosa moja. Wa kwanza anaitupa nadharia bila kuikagua, wa pili anaimeza bila kuikagua. Hakuna kati yao aliyeuliza: Nadharia hii imejengwa juu ya nini? Nani aliijaribu, na kwa kipimo gani? Na sasa inatumika kufanyia nini?

Maswali haya si ya wanachuo peke yao. Nadharia iliyojengwa vizuri iliwahi kuonyesha njia ya kuwaokoa watu wa jiji zima na kipindupindu. Nadharia iliyojengwa vibaya iliwahi kutumika kuandaa mauaji ya kimbari hapa hapa Maziwa Makuu. Na sisi watu wa mwambao tumeishi zaidi ya miaka mia moja chini ya nadharia za watu wengine kuhusu mababu zetu ni nani. Kwa hiyo si anasa kulisoma somo hili.

Neno na maana yake

Neno nadharia tumelipata kutoka Kiarabu, na mzizi wake ni nadhara, yaani kutazama. Wagiriki wa kale nao neno lao la nadharia lilitokana na kutazama. Na kitabu kikubwa cha mwanachuoni wa Kiislamu Ibn al-Haytham, aliyezaliwa Basra mwaka 965 na kufanya kazi zake nyingi Cairo, kinaitwa Kitab al-Manadhir. Mzizi ni ule ule. Ndani yake aliwapinga wanachuoni wakubwa wa Kigiriki waliosema kwamba jicho linatoa miale inayokwenda kugusa kitu. Yeye akasema kinyume chake, kuwa nuru inatoka kwenye kitu na kuingia jichoni. Moja ya hoja zake ni jambo ambalo mtoto anaweza kulijua: ukitazama mwanga mkali, jicho linauma. Kama jicho ndilo linalotoa, kwa nini liumizwe na kilichoko nje?

Hapo tunapata sura ya nadharia. Kwanza kuna mambo yaliyoonekana. Pili kuna dhana inayoyaunganisha mambo hayo na kuyapa sababu moja. Tatu, na hili ndilo linalosahaulika, kuna matokeo ambayo lazima yawepo ikiwa dhana hiyo ni kweli, na ambayo mtu anaweza kwenda kuyaangalia. Dhana isiyo na hili la tatu ni kisio tu. Mtu akisema "fulani amechelewa, labda foleni", hilo ni kisio. Nadharia ni maelezo yaliyokwisha kutiwa kwenye mizani mara nyingi na bado yamesimama.

Aidha, tusichanganye nadharia na kanuni. Watu wengi hudhani nadharia ikikua inakuwa kanuni, kama vile koplo anavyopanda kuwa sajini. Sivyo. Kanuni inasema jambo gani hutokea. Nadharia inaeleza kwa nini linatokea. Ni kazi mbili tofauti.

Kipindupindu cha London

Hebu tuchukue mfano ambao kila mkazi wa mjini anaweza kuufahamu, hasa sisi ambao mvua zikinyesha na vyoo kufurika huanza kuhesabu wagonjwa.

Katikati ya karne ya 19 kipindupindu kilikuwa kinaua maelfu mjini London. Nadharia iliyotawala ilisema ugonjwa huo unaletwa na hewa chafu, ile harufu ya uvundo. Tusiicheke haraka. Nadharia hiyo ilikuwa na ushahidi wake. Mitaa yenye uvundo ndiyo iliyokuwa inakufa zaidi. Tena mtaalamu wa takwimu wa serikali, William Farr, alionyesha kwa hesabu kwamba watu wa maeneo ya chini karibu na mto Thames walikufa zaidi kuliko wa maeneo ya juu. Hilo lililingana kabisa na dhana kwamba hewa chafu hutuama bondeni.

Daktari John Snow aliwaza tofauti. Alitazama kwamba ugonjwa unaanza tumboni, si kwenye mapafu. Akasema, basi sumu yake lazima inamezwa, na njia yake kubwa ni maji. Alichapisha dhana hiyo mwaka 1849 na wengi hawakumjali. Mwaka 1854 ugonjwa ulipolipuka tena, watu zaidi ya 500 walikufa katika muda wa siku chache kuzunguka pampu moja ya maji katika mtaa wa Broad, eneo la Soho. Snow alikwenda nyumba kwa nyumba. Aligundua kuwa wafanyakazi wa kiwanda cha pombe kilichokuwa jirani, ambao hawakunywa maji ya pampu ile, walinusurika. Na mjane mmoja aliyekuwa akiishi mbali, Hampstead, ambako hapakuwa na ugonjwa, alikufa. Kumbe alikuwa akiletewa maji ya pampu ile kwa sababu aliyapenda ladha yake.

Lakini kipimo kikubwa kilikuwa kingine. Kusini mwa London kampuni mbili ziliuza maji katika mitaa ile ile. Moja, Lambeth, ilikuwa imehamisha mahali pake pa kuchota mwaka 1852 na kwenda juu ya mto, kabla mto haujapokea kinyesi cha jiji. Ya pili, Southwark na Vauxhall, iliendelea kuchota ndani ya jiji. Nyumba zilipakana, tajiri kwa maskini, hewa moja, uvundo mmoja. Kilichotofautiana ni bomba tu. Snow akahesabu: katika kila nyumba 10,000 zilizopata maji ya Southwark na Vauxhall walikufa watu 315. Katika kila nyumba 10,000 za Lambeth walikufa 37.

Hapa pana mafunzo matatu. La kwanza, ushahidi unaolingana na nadharia hautoshi. Hesabu za Farr zililingana na hewa chafu, lakini pia zililingana na maji machafu, maana maeneo ya chini ndiyo yaliyokunywa maji mabaya zaidi. Kazi ya mtafiti ni kutafuta mahali ambapo nadharia mbili zinasema mambo tofauti, akapime hapo. Snow alipapata.

La pili, Snow hakupata kuviona vijidudu vyenyewe na kuvithibitisha; Robert Koch ndiye aliyekuja kuvitambulisha kwa ulimwengu miaka ya 1883 na 1884. Nadharia inaweza kufaa kabla undani wake wote haujajulikana.

La tatu linashangaza. London ilijenga mifereji yake mikubwa ya maji taka hasa kwa kukimbia uvundo uliolikumba jiji mwaka 1858, yaani kwa kuitii nadharia potofu. Na mifereji hiyo ilisaidia, kwa sababu iliondoa kinyesi kwenye maji. Kwa hiyo matumizi mazuri peke yake si dalili kwamba nadharia ni sahihi. Mganga anaweza kukupa dawa inayoponya na maelezo yasiyo ya kweli.

Newton, Einstein na simu yako

Katika elimu ya maumbile nadharia hupimwa kwa hesabu kali zaidi. Nadharia ya Newton kuhusu nguvu ya mvutano ilitawala zaidi ya miaka 200. Ilipoonekana kuwa sayari ya Uranus haipiti sawasawa na hesabu, mtaalamu wa Ufaransa Le Verrier hakuitupa nadharia. Alisema lazima kuna sayari nyingine inayoivuta, akahesabu ilipo, na mwaka 1846 ikaonekana karibu sana na pale alipopataja. Ndiyo Neptune.

Kisha sayari ya Utaridi nayo ikaonekana ina upungufu mdogo katika njia yake. Le Verrier akatumia dawa ile ile. Alisema kuna sayari iliyojificha karibu na jua, nayo ikapewa jina la Vulcan. Watu waliitafuta kwa miongo kadhaa. Haikupatikana, kwa sababu haipo. Safari hii kosa lilikuwa katika nadharia yenyewe. Mwaka 1915 Albert Einstein alileta nadharia mpya iliyoeleza upungufu wa Utaridi sawasawa, tena ikatabiri kwamba nuru ya nyota inayopita karibu na jua itapinda mara mbili ya kiasi ambacho hesabu za Newton zingetoa. Tarehe 29 Mei 1919 jua lilipopatwa, kundi moja la Waingereza likiongozwa na Arthur Eddington lilikuwa katika kisiwa cha Principe, Afrika Magharibi, na jingine huko Sobral, Brazil. Vipimo vilimuunga mkono Einstein.

Mwenye kusema "ni nadharia tu" ajue kwamba saa za satelaiti zinazoionyesha simu yake ilipo hurekebishwa kwa hesabu za nadharia hiyo. Bila marekebisho hayo saa hizo zingekwenda mbele sehemu 38 za milioni moja za sekunde kila siku, na ramani ingeanza kumpoteza siku hiyo hiyo.

Linaloleta taabu ni hili: wakati gani mtu aitetee nadharia kwa kutafuta Neptune, na wakati gani akubali kwamba anatafuta Vulcan? Hakuna fomula ya kujibu hilo. Mwanafalsafa Karl Popper, katika kitabu chake cha mwaka 1934, alisisitiza kwamba nadharia ya kisayansi lazima ikubali uwezekano wa kuonyeshwa kuwa si kweli. Thomas Kuhn, mwaka 1962, akaeleza kwamba wanasayansi wenyewe hawaachi nadharia kirahisi. Hung'ang'ania mpaka matatizo yamerundikana na pamepatikana nadharia nyingine ya kuhamia. Wote wawili wana sehemu ya ukweli.

Wanachuoni wetu na kiyasi

Waislamu tusidhani kwamba jambo hili ni geni kwetu. Aliyesoma usuli wa fiqhi ameshajenga nadharia, hata kama hakuiita kwa jina hilo. Kiyasi kina nguzo nne: asili, tawi, hukumu na illa, yaani sababu inayobeba hukumu. Mwanachuoni anatazama hukumu iliyokuja katika andiko, anauliza illa yake ni ipi, kisha anaipeleka hukumu kwenye jambo jipya lenye illa ile ile. Mvinyo umeharamishwa; illa ni kulevya; basi kinywaji chochote kinacholevya kimeingia, hata kama hakikuwepo Madina.

Mfano ulio mzuri zaidi ni hadithi mashuhuri ya riba inayotaja vitu sita: dhahabu, fedha, ngano, shayiri, tende na chumvi. Andiko ni moja na wote wamelikubali. Lakini illa ni nini? Madhahiri, wasiokubali kiyasi, wamesema vitu ni hivyo sita basi. Mahanafi wamesema illa ni kupimwa kwa kipimo au kwa mizani pamoja na kuwa vya jinsi moja. Mashafi wamesema katika dhahabu na fedha ni kuwa thamani ya vitu, na katika vile vinne ni kuwa chakula. Mamaliki wakasema katika vile vinne ni kuwa chakula cha kutegemewa kinachoweza kuwekwa akiba.

Sasa tazama matokeo. Chuma kinauzwa kwa mizani: kwa Mahanafi kimeingia, kwa Mashafi hakimo. Machungwa ni chakula lakini si cha kutegemewa wala hayawekwi akiba: kwa Mashafi yameingia, kwa Mamaliki hayamo. Data ni ile ile, nadharia ni tofauti, na hukumu zinatofautiana sokoni. Na zilipokuja noti za karatasi, ambazo hazilingani na dhahabu kwa umbo wala kwa uzito, waliotazama illa ya thamani ndio waliokuwa na njia iliyo wazi ya kusema kwamba riba inaingia humo pia. Nadharia nzuri huonekana pale linapokuja jambo ambalo mjenzi wake hakuliona.

Na tazama adabu yao. Hawakuitana wajinga kwa kutofautiana katika illa. Waliweka hata masharti ya namna ya kuipinga illa ya mwenzako: onyesha mahali ambapo illa ipo na hukumu haipo. Popper angeifahamu lugha hiyo mara moja.

Nadharia inapowahusu watu

Ama tukija kwenye elimu za jamii mambo yanakuwa magumu zaidi. Ibn Khaldun, mzaliwa wa Tunis, aliandika Muqaddima yake mwaka 1377 akieleza kuinuka na kuanguka kwa dola kwa kutumia dhana ya asabiyya, yaani mshikamano wa kundi. Kabla ya hapo alianza kwa kuwakosoa wanahistoria waliopokea habari bila kuzipima. Alitoa mfano wa masimulizi kwamba jeshi la Wana wa Israili jangwani lilikuwa na watu laki sita au zaidi, akauliza jeshi la ukubwa huo lingepangwaje na kutembezwaje katika nafasi ile. Si msimulizi peke yake anayepimwa, bali habari yenyewe pia ipimwe na tabia ya jamii ilivyo.

Tofauti kubwa ni kwamba jiwe halisikii nadharia inayolihusu. Mtu anasikia. Sayari ya Utaridi haikubadili njia kwa sababu Einstein ameandika makala. Lakini watu wakiambiwa na serikali, shule na vitabu kwamba wao ni watu wa namna fulani, huanza kuishi hivyo au kupigana kwa ajili hiyo.

Mfano mchungu ni ile iliyoitwa nadharia ya Wahamiti. Mwaka 1863 mvumbuzi wa Kiingereza John Speke alichapisha kitabu ambamo alidai kwamba watawala wa falme za Maziwa Makuu walitoka Uhabeshi. Baadaye wasomi wa Ulaya wakaipanua dhana hiyo mpaka ikadai kwamba kila kilicho kikubwa katika Afrika, ufalme, ufugaji, ufundi wa chuma, kililetwa na kabila la "Wahamiti" wanaokaribiana na Wazungu. Mtaalamu wa lugha wa Kijerumani Carl Meinhof aliitolea kitabu mwaka 1912, na mwaka 1930 C. G. Seligman aliifanya kuwa nguzo ya kitabu chake kuhusu watu wa Afrika.

Chunguza ilivyojengwa. Mtaalamu wa lugha aliziweka baadhi ya lugha katika kundi la Kihamiti akitazama pia sura za watu na ng'ombe wao. Mtaalamu wa mila akasema watu hawa ni Wahamiti kwa sababu mtaalamu wa lugha amesema. Mwanahistoria akawanukuu wote wawili. Kila fani ilidhani mwenzake ndiye mwenye ushahidi, na hakuna aliyekuwa nao. Aidha, haikuwezekana kuipinga: Mwafrika akionekana amejenga dola, jibu ni kwamba basi huyo ni Mhamiti, na hivyo imethibitika kuwa Wahamiti ndio wajenzi wa dola. Huko ni kuzunguka duara. Joseph Greenberg alipozipanga upya lugha za Afrika kwa kutazama lugha zenyewe tu, katika kazi yake iliyokamilika mwaka 1963, lile kundi la Kihamiti likayeyuka.

Lakini ilikuwa imeshachelewa. Miaka ya 1930 Wabelgiji walikuwa wameshaandika Mtutsi, Mhutu au Mtwa katika vitambulisho vya Wanyarwanda. Nadharia iliyotumika kwanza kuwatukuza Watutsi kama watawala wa asili ikageuzwa kuwa hoja kwamba wao ni wageni. Novemba 1992 mwanasiasa Leon Mugesera alihutubia akisema warudishwe Uhabeshi kwa njia ya mto Nyabarongo. Mwaka 1994, katika muda wa siku 100 hivi, laki nyingi za watu waliuawa, na maiti zikaelea mitoni mpaka Ziwa Victoria. Mugesera alihukumiwa kifungo cha maisha mwaka 2016. Speke na Seligman hawakushika panga, na wauaji wana dhambi yao wenyewe. Lakini kauli waliyoitumia ilitoka maktabani.

Mwambao wetu

Fikra hiyo hiyo ilitufikia pwani. Wachimbuzi wa kwanza wa magofu walipoikuta misikiti ya mawe ya Gedi na Kilwa waliona kazi ya wageni kutoka Arabuni na Uajemi waliohamia na ustaarabu wao. Mswahili katika maelezo hayo ni mpokeaji tu. Matokeo yake ya kisiasa tunayajua: mtu wa pwani akaambiwa si wa hapa.

Miaka ya 1980 nadharia ilipinduka. Derek Nurse na Thomas Spear walionyesha mwaka 1985 kwamba Kiswahili kwa muundo wake ni Kibantu halisi. Mark Horton alipochimba Shanga, kisiwani Pate, alikuta chini ya msikiti wa mawe mabaki ya misikiti midogo ya udongo na miti, wa zamani kabisa ukiwa wa karne ya nane. Maana yake mji haukushushwa jahazini ukiwa tayari. Ulikua hapo hapo. Lakini baadhi ya watu wakavuka mpaka, wakasema masimulizi yote ya Washirazi ni uongo uliobuniwa na watu waliotaka kujikweza.

Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapisha uchunguzi wa vinasaba vya watu 80 wa kale, wengi wao waliozikwa katika miji ya mwambao kati ya mwaka 1250 na 1800. Matokeo yalizigonga nadharia zote mbili. Kwa wengi wao zaidi ya nusu ya asili yao ni ya Kiafrika, hasa kwa upande wa akina mama. Sehemu kubwa ya iliyobaki ni ya Asia, na kabla ya mwaka 1500 hivi ilikuwa hasa ya Uajemi, kupitia akina baba. Kuchanganyika kulianza mnamo mwaka 1000. Bibi aliyesimulia habari za Washirazi hakuwa mwongo, na mtaalamu aliyesema Kiswahili ni Kibantu naye hakuwa mwongo. Waliokosea ni wale waliotaka jibu moja.

Hata hivyo, uchunguzi huu nao tusiumeze. Makaburi mengi yaliyochimbwa ni yale ya karibu na misikiti, ya watu wenye hadhi. Mvuvi na mkulima wa shamba huenda wana historia nyingine. Na vinasaba vinaeleza nasaba. Haviwezi kueleza lugha, dini wala mapenzi ya mtu kwa nchi yake.

Mambo matano ya kuuliza

Kutokana na mifano hii tunaweza kupata maswali ambayo kila msomaji, awe mwanafunzi, mwalimu au mfanyabiashara, aulize anapoletewa nadharia.

Kwanza, imejengwa juu ya mambo gani yaliyoonekana, na nani aliyaona? Pili, ni jambo gani likitokea litaonyesha kwamba si kweli? Ukiambiwa hakuna, kaa chonjo. Tatu, kuna maelezo mengine yanayolingana na ushahidi ule ule, kama maji na hewa za London? Nne, imehamishwa kutoka fani gani kuja fani gani, na je, huko ilikohamishwa masharti yake yapo? Tano, ikitumika, nani anapata na nani anaumia?

Swali la nne na la tano linahusu hasa wachumi. Miaka ya 1980 na 1990 nchi zetu ziliambiwa wananchi wachangie gharama za shule na hospitali, kwani kwenye nadharia mtu huthamini anacholipia na huduma hupata fedha. Kenya ilipofuta ada za shule za msingi Januari 2003, watoto zaidi ya milioni moja walijitokeza. Tanzania ilikuwa imetangulia kuzifuta na madarasa yake nayo yakafurika. Wazazi wale walikuwa wanaithamini elimu tangu mwanzo. Hawakuwa na hela.

Nina maneno mawili ya mwisho. Kwa vijana wetu walioko vyuoni: acheni desturi ya kuiweka nadharia katika utafiti kama pambo la sura ya pili. Unaona mtu anaandika kiunzi cha nadharia kurasa kumi, Umarx au Ufeministi au Umuundo, kisha riwaya anayoichambua inalazimishwa kuingia humo kama mguu katika kiatu kisicho chake. Nadharia ni chombo cha kukuonyesha usichokiona. Kama baada ya kuitumia umeona yale yale uliyoyajua, aidha umechagua vibaya au hukuitumia.

Kwa wahadhiri na masheikh wetu: tuwe na hadhari na mtindo wa kuifunga imani kwenye kila nadharia mpya ya sayansi ili kuonyesha muujiza. Newton alitawala miaka 200 akaja mwingine. Mtu aliyeambiwa kwamba dalili ya dini yake ni nadharia fulani, siku nadharia ile ikibadilika utamwambia nini? Sayansi ina heshima yake kwa sababu inakubali kusahihishwa. Tuisome, tuitumie, tuchangie kuijenga kama alivyofanya Ibn al-Haytham, lakini tusiifanye nguzo ya kuegemeza kitu ambacho sisi tunasema hakibadiliki.

Na yule wa barazani naye, kesho akisema "ni nadharia tu", tusigombane naye. Tumuulize moja tu: ni ipi katika hizo, na umeipima wapi?

Wallahu a'alam.